Shajara ya mradi: kuisoma parasha Truma kwa Kiswahili

Kinachotengenezwa: karatasi ya kujisomea ya kurasa 8 pamoja na mfano wa kadibodi, kwa wasomaji wa Kiswahili wanaotaka kuifuata parasha (fungu la Torati la wiki) iitwayo Truma (Kutoka 25:1 hadi 27:19), yenye agizo la kujenga Maskani, hema la ibada la Israeli jangwani, jinsi inavyosomwa na Wayahudi. Siku ya mwisho ni Jumamosi 21 Februari 2026, tarehe 4 Adar 5786 kwa kalenda ya Kiyahudi, fungu linaposomwa sinagogini.

Jumapili, 18 Januari 2026: mipaka

Torati imegawanywa katika parasha 54, na Truma ni ya 19. Jambo la kwanza la kusahihisha ni mazoea ya sura. Namba za sura ziliwekwa na Wakristo wa Ulaya katika Zama za Kati, na parasha haizifuati. Sura ya 27 ina mistari 21, lakini Truma inakoma kwenye 19. Mistari miwili ya mwisho, ile ya mafuta ya zeituni kwa ajili ya taa, ndiyo inayofungua parasha inayofuata, Tetzave. Anayesoma sura nzima anakuwa ameingia wiki ya mbele bila kujua.

Jumla ya mistari ni 96. Siku ya Sabato watu saba huitwa mmoja mmoja mbele ya hati ya Torati, na kila mwito, yaani aliya, una sehemu yake: 25:1–16, kisha 25:17–30, kisha 25:31 hadi 26:14, kisha 26:15–30, 26:31–37, 27:1–8 na 27:9–19. Mistari 3 ya mwisho hurudiwa na mtu wa nane, anayesoma pia haftara, somo la nyongeza kutoka vitabu vya Manabii. Ukijumlisha unapata 16 + 14 + 24 + 16 + 7 + 8 + 11 = 96, na hesabu isipofika hapo kuna mpaka ulioandikwa vibaya. Chapa nyingine husogeza mipaka kidogo. Kisichosogea ni kwamba mwito wa kwanza ni wa kuhani, wa pili ni wa Mlawi, na hakuna mwito wenye mistari chini ya 3.

Jumapili, 25 Januari: jedwali la siku, na mtego wa Jumamosi

Wengi hugawa parasha kwa siku za wiki, mwito mmoja kila siku, ili Sabato ifike fungu likiwa limekwisha kupitiwa. Kwa Kiebrania ni rahisi kwa sababu siku zina namba: siku ya kwanza mwito wa kwanza, siku ya pili mwito wa pili. Kwa Kiswahili namba hizohizo zinapotosha. Sisi tunaanza kuhesabu baada ya Ijumaa, ndiyo maana Jumamosi ni "mosi". Wayahudi wanaanza kuhesabu baada ya Sabato. Kwa hiyo siku yao ya kwanza ni Jumapili yetu, ya pili ni Jumatatu, na mwito wa nne unaangukia Jumatano, ambayo masikioni mwetu ni "tano".

Halafu inakuja Alhamisi na kuvuruga zaidi, maana neno hilo ni la Kiarabu na maana yake ni ya tano, sawasawa na Kiebrania. Wiki ya Kiswahili ina siku mbili zinazojiita "tano", na ni ile ya Kiarabu tu inayokubaliana na jedwali. Rasimu ya kwanza iliandikwa "Jumamosi: mwito 1", ikasogeza wiki nzima. Sasa kila mstari una jina la siku na tarehe, bila namba ya siku.

Kwa upande wa saa hakuna tatizo. Siku ya Kiyahudi huanza jua linapozama, na msomaji wa pwani anaelewa mara moja maana ya "usiku wa kuamkia Jumamosi".

Limeongezwa jambo moja ambalo jedwali nyingi huliacha. Truma haianzi kusomwa hadharani Jumamosi ya tarehe 21. Mwito wa kwanza wote, 25:1–16, unasomwa tayari alasiri ya Sabato iliyotangulia, tarehe 14, kisha Jumatatu 16 na Alhamisi 19 asubuhi, ukigawanywa kwa watu watatu. Jumanne 17 na Jumatano 18 ni mwandamo wa mwezi wa Adar, na siku hizo zina somo lao kutoka Hesabu 28, kwa watu wanne. Zisichanganywe.

Jumatano, 28 Januari: kanuni ya mara mbili na mara moja

Talmudi, mkusanyo wa sheria na mijadala ya marabi, katika kitabu cha Berakhot 8a, inaagiza mtu amalize parasha pamoja na umma: andiko mara mbili, tafsiri mara moja. Tafsiri inayokusudiwa ni ya Kiaramu, ya Onkelos. Baadaye ufafanuzi wa Rashi, rabi wa Ufaransa wa karne ya 11, ulikubaliwa kushika nafasi yake, kwa kuwa nao unaeleza kila mstari.

Karatasi haidai kwamba Kiswahili kinachukua nafasi ya Onkelos. Imepangwa safu tatu: Kiebrania kwa herufi za Kilatini, Kiswahili cha neno kwa neno, na safu nyembamba ya pembeni kwa maelezo. Safu ya Kiebrania ilitaka kuondolewa ili kuokoa karatasi. Imebaki, maana bila hiyo msomaji haoni neno lilelile likirudi, na nusu ya ufafanuzi wa Kiyahudi hutegemea neno linalorudi.

Jumapili, 1 Februari: msamiati

Tafsiri ya Union iliyotoka 1952 ndiyo iliyo mikononi mwa wasomaji wengi, kwa hiyo tumeanzia kwenye maneno yake na kubadilisha pale tu yanapopotosha.

*Maskani* limebaki bila mjadala. Kiebrania ni mishkan, kutoka shina sh-k-n, kukaa. Kiswahili kilipata maskani kutoka Kiarabu chenye shina hilohilo, s-k-n. Msomaji anasikia "mahali pa kukaa" papo hapo. *Dhiraa* nayo imebaki, na imetuokoa na balaa: kipimo cha Kiebrania kinaitwa ama, na sentensi yenye "ama mbili ama tatu" haisomeki.

*Mti wa mshita* umeongezewa "mgunga" pembeni. Mshita ni neno la Kiebrania lililovikwa kanzu ya Kiswahili, na wengi wanalisoma kama jina la mti wa ajabu usiopatikana tena. Mgunga wanaujua kwa miiba yake. Hapo swali la wafafanuzi linaanza kuuma: mbao za urefu wa dhiraa 10 na upana wa dhiraa 1 na nusu zilitoka wapi jangwani? Rashi analeta jibu la midrashi (ufafanuzi wa marabi wa kale, mara nyingi kwa hadithi), kwamba Yakobo aliiona haja hiyo mapema, akapanda miti Misri na kuwausia wanawe waichukue watakapotoka. Ibn Ezra, mfafanuzi wa Hispania wa karne ya 12, anapendelea jibu la nchi kavu: palikuwa na msitu wa miti hiyo karibu na Sinai. Majibu yote mawili yamo, na kila moja limeandikwa ni la aina gani, pshati (maana ya wazi) au drashi (maana ya kutafutwa). Kuyachanganya bila alama ndiyo kasoro kubwa ya miongozo mingi.

*Ngozi za pomboo* ni tafsiri ya tahash. Msomaji wa Mombasa au Kilwa atauliza pomboo amefikaje jangwani, na ana haki ya kuuliza. Talmudi (Shabat 28b) inamweleza kama mnyama wa rangi nyingi aliyekuwapo wakati huo tu. Tumeandika "ngozi za tahash".

*Kiti cha rehema* ndicho kilichotuchelewesha siku mbili. Kaporet ni bamba la dhahabu la dhiraa 2 na nusu kwa 1 na nusu linalolala juu ya Sanduku, si kiti, na hakuna anayekalia. Shina lake ni k-p-r, ambalo kwa Kiarabu na Kiswahili limetupa kafara. "Kifuniko cha kafara" lilikuwa karibu kushinda. Likaanguka kwa sababu ya masikio ya mtaani: "kutoa kafara" siku hizi kunamfanya msomaji afikirie mtu aliyetolewa ili mwingine atajirike. Tumeandika *kifuniko*, na uhusiano wa shina umewekwa pembeni. Miti ya kubebea Sanduku tumeiita *mipiko*, maana ndilo neno la kitu hicho.

Idadi ya vitu vilivyochangwa (25:3–7) imewekwa kwa namna mbili. Anayehesabu kila kitu peke yake anafika 15. Rashi anaandika 13. Asiyeonyeshwa tofauti hiyo atadhani amekosea kuhesabu.

Jumatano, 4 Februari: vitenzi na ngeli

Siku ya manufaa kuliko zote. Iligundulika kwamba sarufi ya Kiswahili inagusa palepale walipogombana wafafanuzi.

Kwanza 25:8, "nao watanifanyia patakatifu, nami nitakaa kati yao". Ungetarajia "ndani yake", yaani ndani ya patakatifu. Kiebrania ni betokham, kiambishi cha wingi, watu. Ni mstari unaonukuliwa sana, na katika rasimu mbili uliandikwa "humo" kwa mkono unaokwenda haraka. Umekaguliwa tena herufi kwa herufi.

Pili, 25:10. Sehemu kubwa ya parasha inasema "nawe utafanya", umoja, Musa peke yake. Kwa Sanduku inasema "nao watafanya". Kiswahili kinalibeba hilo kwa silabi moja, u- na wa-, na silabi hiyo ndiyo midrashi inayoishika: Sanduku linabeba mbao za agano, basi kila mtu ana sehemu yake. Mfasiri anayesawazisha viambishi "ili isomeke vizuri" amekata mguu wa hoja.

Tatu, 25:31. Mstari unaanza "nawe utafanya kinara", kisha ghafla unageuka: *tei'ase ha-menora*, kwa kauli ya kutendwa, tena umeandikwa na herufi yod isiyohitajika. Rashi anaeleza kwa midrashi kwamba Musa alitatizwa na umbo la kinara, akaambiwa aitupe talanta ya dhahabu motoni, kinara kikatokea chenyewe. Kiswahili kina njia mbili hapa. *Kitafanywa* kinaacha nafasi ya fundi asiyetajwa; *kitafanyika* hakimhitaji fundi. Ndiyo tofauti kati ya pshati na Rashi, imekaa ndani ya -w- na -ik-. Katika safu kuu tumeweka "kitafanywa", pembeni "kitafanyika" kwa jina la Rashi.

Nne, na hapa ngeli zilitubana kweli. 25:34 inasema: katika kinara vikombe vinne *meshukadim* matovu yake na maua yake. Meshukadim maana yake vyenye umbo la lozi. Je, neno hilo linaelekea nyuma, kwa vikombe, au mbele, kwa matovu na maua? Talmudi (Yoma 52) inautaja mstari huu kati ya mahali 5 katika Torati ambapo neno halijulikani liegemee upande gani. Kiebrania kinaweza kuliacha neno likining'inia kwa sababu vitu vyote hivyo ni wingi wa kiume. Kiswahili hakikuachii: ukisema *vyenye* umechagua vikombe, ukisema *yenye* umechagua matovu na maua. Tafsiri yoyote yenye upatanisho imetoa hukumu ambayo Talmudi haikuitoa.

Alama za kusomea, zile zinazomwongoza msomaji kwa sauti, zinaweka kituo kikuu cha mstari baada ya vikombe, yaani zinalisogeza neno mbele. Lakini katika 25:33, kwenye matawi, ni vikombe vyenyewe vinavyoitwa hivyo bila shaka. Baada ya majaribio kadhaa tumepata sentensi isiyo na upatanisho: "na katika kinara, vikombe vinne, kwa umbo la lozi, matovu yake na maua yake". Mkato upo kila upande. Haipendezi sana kwa sikio, na tumeiacha hivyo kwa makusudi.

Hesabu ya kinara, kwa wanaochora: vikombe 22 (vitatu kwa kila tawi kati ya 6 ni 18, na 4 katikati), matovu 11 (6 ya matawi, 3 ya jozi za matawi, moja chini ya kila jozi, 2 ya mti wa kati), maua 9. Wanaohesabu kutoka sura ya 25 peke yake hupata maua 8 na kudhani kuna kosa. La tisa lipo chini kwenye kitako, na linatoka Hesabu 8:4. Kimo hakimo katika Torati. Talmudi (Menahot 28b) inasema viganja 18, sawa na dhiraa 3.

Jumapili, 8 Februari: vipimo na mbao

Dhiraa ni viganja 6, na kiganja ni upana wa vidole gumba 4. Kwa sentimeta hakuna jibu moja. Rabi Avraham Chaim Naeh alikadiria kiganja kuwa sentimeta 8, dhiraa 48. Chazon Ish, rabi mwingine wa karne ya 20, alifika sentimeta 9.6, dhiraa 57.6. Sanduku kwa hesabu ya kwanza ni sentimeta 120 kwa 72 kwa 72. Kwa ya pili ni 144 kwa 86.4 kwa 86.4. Ua wa dhiraa 100 kwa 50 unakuwa mita 48 kwa 24, au mita 57.6 kwa 28.8. Karatasi inatoa hesabu zote mbili mara moja, ukurasa wa 3, kisha inarudi kwenye dhiraa na kubaki huko.

Mfano umepewa skeli ya sentimeta 2 kwa kila dhiraa, na kwa skeli hiyo ugomvi wa 48 na 57.6 hauna nafasi.

Ubao mmoja: urefu dhiraa 10, upana 1 na nusu. Unene haujatajwa. Rashi anafuata kauli kwamba ulikuwa dhiraa 1. Katika Shabat 98b kuna mabishano: Rabi Nehemia anasema unene ni uleule juu na chini, Rabi Yehuda anasema chini dhiraa 1 na juu unapungua hadi upana wa kidole. Tumejenga kwa Rabi Nehemia, kwa sababu kadibodi iliyochongoka haisimami.

Namna ya kukata: kila ubao ni bomba la pembe nne, sentimeta 3 kwa 2, kimo 20. Kata kipande cha manila cha sentimeta 11 kwa 20, kunja kwenye 3, 5, 8 na 10, ile sentimeta moja ya mwisho ni ya gundi. Karatasi moja ya A4 inatoa vipande 2, kwa hiyo mbao 48 zinakula karatasi 24. Mabaki yanatosha vitako.

Ukuta wa nyuma ndio unaoharibu kazi. Mbao 20 kusini na 20 kaskazini zinatoa dhiraa 30 bila shida. Nyuma, magharibi, ziko 6 na 2 za pembeni. Watu huzidisha 8 kwa 1 na nusu, wanapata 12, na kuchora chumba cha upana wa dhiraa 12. Chumba ni cha 10. Mbao 6 zinatoa 9. Kila ubao wa pembe unatoa nusu dhiraa kwa ndani, na dhiraa yake 1 iliyobaki inaziba unene wa ukuta wa kando. Kwa ndani 10, kwa nje 12. Kwenye mfano: nje sentimeta 24, ndani 20. Ikiwa kuta za kando zinaingia ndani ya ule wa nyuma badala ya kugota juu yake, urefu wa ndani unapungua dhiraa 1 na mapazia hayataenea. Bandika ukuta wa nyuma mwisho.

Mataruma, yaani miti ya kushikanisha mbao, ni 5 kila upande, la kati likipita toka mwisho hata mwisho (26:28). Neno ni la mafundi wa vyombo, na linafaa hapa kuliko "vyuma" au "fito".

Jumanne, 10 Februari: mapazia, na dhiraa moja iliyopotea

Mapazia ya kitani ni 10, kila moja dhiraa 28 kwa 4, yameunganishwa matanomatano, na seti mbili zimeshikwa kwa tanzi 50 kila upande na vifungo 50 vya dhahabu. Kwa skeli yetu ni vipande viwili vya sentimeta 56 kwa 40. Yale ya singa za mbuzi ni 11, dhiraa 30 kwa 4, seti ya 5 na seti ya 6.

Upande wa upana unakwenda sawa. Katika 28, dhiraa 10 ni dari, 2 ni unene wa kuta mbili, zinabaki 16, yaani 8 kila upande. Ubao ni 10, kwa hiyo dhiraa 2 za chini zinabaki wazi. Singa za mbuzi, zenye 30, zinashuka 9 kila upande, na ndiyo ile dhiraa moja huku na dhiraa moja huku ya 26:13. Andiko linajithibitisha lenyewe.

Upande wa urefu ndio wenye kitendawili, na Rashi hakukificha. Jumla ni dhiraa 40. Toa 30 za dari na 1 ya unene wa ukuta wa magharibi. Kwa Baraita ya Vipimo 49 (maandishi ya kale ya marabi), toa tena 1 ya kufunika nguzo za mlangoni, zinaning'inia 8 nyuma. Kwa Talmudi, kitabu cha Shabat, nguzo za mlangoni hazifunikwi, zinaning'inia 9. Rashi anaweka yote mawili katika 26:5, kisha anasema andiko linasaidia kauli ya pili, kwa sababu 26:33 inaagiza pazia la ndani litundikwe chini ya vifungo.

Hii haieleweki kwa kusoma tu, ndiyo sababu mfano upo. Vifungo viko mwisho wa seti ya kwanza, dhiraa 5 × 4 = 20. Ukianzia ndani ya nguzo, vifungo vinaangukia dhiraa 20 kutoka mlangoni, pazia linakaa chini yake hasa, na nyuma panabaki chumba cha 10 kwa 10, Patakatifu pa Patakatifu. Ukianzia nje ya nguzo, mshono unasogea mbele dhiraa 1, na pazia linabaki nyuma yake. Sentimeta 2 kwenye kadibodi. Jaribio likifanywa kwa kitambaa juu ya meza, sogeza kile kipande mara moja tu na hoja nzima ya Rashi inaonekana kwa jicho.

Ushauri: usitumie gundi kwenye mapazia. Atakayebandika amechagua upande na hawezi kuonyesha wa pili. Uzi na vibanio 5 vinatosha, tanzi 50 hazichoreki kwa skeli hii.

Alhamisi, 12 Februari: vitako na nguzo

Fupi. Vitako vya fedha chini ya mbao: 40 + 40 + 16 = 96. Ongeza 4 vya nguzo za pazia, jumla 100, kila kimoja talanta 1. Kutoka 38:25–28 inahakiki: watu 603,550 kwa nusu shekeli ni shekeli 301,775, talanta ni shekeli 3,000, zinatoka talanta 100 kamili na zinasalia shekeli 1,775 za kulabu. Vitako 5 vya mlangoni ni vya shaba, visiingizwe. (Mistari 96 na vitako 96 ni bahati. Pendekezo la kuandika mahubiri juu yake limekataliwa.)

Ua: nguzo 60. Mzunguko ni dhiraa 300, nafasi ya dhiraa 5 kati ya nguzo na nguzo. Kosa ni lile la kila mjenga uzio, kuweka nguzo 21 kwenye dhiraa 100. Hesabu kila pembe mara moja.

Kulabu za nguzo, *vavei ha-amudim* (27:10), zimepewa sentensi mbili. Herufi vav yenyewe maana yake ni kulabu, na amud ni nguzo lakini pia safu ya maandishi. Kutokana na maneno haya kuna desturi ya waandishi kuanza karibu kila safu ya hati ya Torati kwa herufi vav.

Jumapili, 15 Februari: haftara

Haftara ya Truma ni 1 Wafalme 5:26 hadi 6:13, na hapa msomaji wa Kiswahili anakwama mlangoni: sura ya 5 katika Biblia yake ina mistari 18. Hesabu ya Kiebrania inaanza sura hiyo mapema, ina mistari 32. Kinachoitwa 5:26 huko ni 5:12 kwetu. Karatasi inaandika "5:12 (kwa Kiebrania 5:26)".

Maudhui: Sulemani anajenga Hekalu. Kinachostahili kukaziwa ni jinsi watu walivyopatikana. Truma inaanza na mchango wa kila ambaye moyo wake unampa. Haftara inaanza na shokoa, yaani kazi ya lazima: watu 30,000, elfu kumi kila mwezi kwenda Lebanoni, wachukuzi 70,000, wachonga mawe 80,000. Inakoma na 6:13, "nami nitakaa kati ya wana wa Israeli", kitenzi kilekile cha 25:8, lakini sasa kwa sharti la kushika amri. Miongozo mingi hutaja kwamba majengo yanafanana ikaishia hapo. Tunaona tofauti ya kulazimishwa na kutoa kwa moyo ndiyo yenye uzito zaidi.

Onyo kwa anayetumia karatasi ya mwaka uliopita. Tarehe 1 Machi 2025 Truma iliangukia siku moja na mwandamo wa Adar na Sabato ya Shekalim, ile ya somo la nusu shekeli. Zilitolewa hati tatu: miito 6 ya Truma katika ya kwanza, wa saba kutoka Hesabu 28:9–15, na maftir, somo la mtu wa mwisho, kutoka Kutoka 30:11–16, haftara ikawa ya 2 Wafalme 12, hazina ya Yoashi. Mwaka huu Shekalim ilipita wiki iliyotangulia.

Alhamisi, 19 Februari: mapitio ya mwisho

Limeingizwa swali la mpangilio, ukurasa wa 1, mistari sita tu. Rashi (31:18) anasema ndama wa dhahabu alitangulia agizo la Maskani, maana Torati haifuati lazima mpangilio wa wakati. Kwa Ramban (Nahmanides), mfafanuzi wa karne ya 13, mpangilio ni kama ulivyoandikwa, na Maskani inaendeleza kwa faragha utukufu ulioonekana Sinai hadharani. Msomaji achague akijua kwamba chaguo lake linabadilisha kila kitu: Maskani ni dawa, au ndiyo ilikuwa nia tangu mwanzo.

Kimo cha madhabahu (27:1) kimeachwa dhiraa 3, pembeni kumeandikwa mabishano ya Rabi Yehuda na Rabi Yose katika Zevahim 59b, ambapo mmoja anafika 10.

Jumapili, 22 Februari: masahihisho

Yaliyorudi baada ya kutumika: ukurasa wa 5 mchoro wa ukuta wa nyuma ulionyesha kipimo cha nje pekee, sasa vipo vyote viwili. Mchoro wa kinara ulikuwa na matawi ya kupinda, kama kwenye Tao la Tito huko Roma. Umeongezwa wa matawi yaliyonyooka, kufuatana na mchoro wa Rambam (Maimonides, si Ramban). Neno "kiti" lilisalia mara moja, maelezo ya picha ukurasa wa 4. Manila ya rangi ilipasuka kwenye mikunjo, kwaruza kwanza kwa kalamu ya wino ulioisha.

Faili la 5787 limefunguliwa. Truma itakuwa Jumamosi 13 Februari 2027, tarehe 6 ya Adar wa kwanza, maana mwaka huo una Adar mbili. Hati ni moja na haftara ni hiihii. Jedwali la siku ndilo pekee la kuandikwa upya.